Uzi wa Shingoni mwa Karaman

Saa tatu asubuhi, Inspekta Velichka Dankova aliposukuma geti la Bibi Ganka kijijini Vrabchevo, alimkuta muuaji amelala chali juani, miguu minne hewani, akikunwa tumbo.

"Usimkaribie," alisema Bibi Ganka bila kuinua uso. "Atakulamba mpaka urudi nyumbani kubadili blauzi."

Muuaji aliitwa Karaman. Alikuwa mbwa wa kondoo, manyoya meusi kwa meupe, kichwa kama ndoo, mwili kama ndama. Shingoni alikuwa na mnyororo, na ncha ya pili ya mnyororo ule ilizunguka kiuno cha bibi mwenyewe, juu ya aproni, ikapigwa kufuli.

"Ufunguo uko wapi?" Velichka aliuliza.

"Nimeumeza."

"Bibi Ganka."

"Mwambie daktari wako aje na sindano mbili, moja ya mbwa na moja yangu. Au asubiri keshokutwa, ufunguo utatoka wenyewe. Keti. Banitsa iko mezani, ya jana lakini haijanuna."

Velichka akaketi, akajikatia kipande cha mkate ule wa jibini. Alikuwa na miaka hamsini na minane, magoti mabovu, na miaka miwili tu ya kufikia pensheni. Mpelelezi mwenye miaka miwili ya kufikia pensheni hushauriwa na kila mtu asaini anacholetewa.

Na cha kusaini kilikuwepo. Siku mbili nyuma, tarehe ishirini na nne Machi, ndani ya kiwanda kikuukuu cha maziwa kilicho mwisho wa kijiji, mwigizaji Lazar Kandilarov alikutwa sakafuni amekufa, ana matundu mawili shingoni. Pembeni yake alisimama Karaman, damu mdomoni. Watu wa sinema kutoka mji mkuu, Sofia, walikuwa wamekikodi kiwanda kile, wakakigeuza maabara kwa mirija ya kioo na taa za kijani, wakitengeneza filamu ya kutisha iitwayo Dawa ya Profesa. Profesa anamchoma mbwa dawa ya kukuza ubongo, mbwa anapata akili, na akili yote anaitumia kutafuna watu. Lazar alikuwa profesa. Karaman alikuwa mbwa, kwa mshahara wa mifupa.

Kesho yake karatasi ikaandikwa: mbwa achomwe sindano tarehe ishirini na sita, saa sita mchana, kichwa kikatwe, kikapimwe kichaa. Watu wanne walishasaini, wa nne akiwa Meja Dragnev, mkuu wa polisi wa mkoa. Ilibaki nafasi moja chini, ya mpelelezi. Karatasi ilikuwa kwenye mkoba wa Velichka, pamoja na ripoti ya maiti na bahasha ndogo.

"Sinema yenyewe wanasema huyu anajifunza kufungua makufuli," Ganka alisema, akimkuna Karaman kidevuni. "Ana miaka tisa hajajifunza kusukuma geti. Anasimama mbele yake analia mpaka nije. Wakimwua, mbwa mwitu wa huko juu watashuka kula kondoo wangu mmoja mmoja, na mimi nina miaka themanini na moja. Nibweke mwenyewe?"

"Una tepu ya kushonea?"

"Ninayo. Unataka kunipima jeneza?"

"Nataka kumpima meno."

Bibi akaivuta tepu kutoka mfuko wa aproni, akamfungua Karaman mdomo kwa mikono miwili kama anayefungua pochi. Karaman akatulia, akapumulia uso wa Inspekta pumzi ya kitu kilichokufa zamani. Velichka akaweka tepu kutoka ncha ya chonge moja hadi ncha ya chonge jingine. Akapima juu, akapima chini, akarudia, akaandika.

"Sentimita nne na nusu," alisema. Akafunua ripoti ya maiti. "Matundu ya shingoni yameachana sentimita saba."

"Sasa hao wanne waliosaini walipima nini?"

"Hawakupima. Wameandika hapa, 'meno ya mnyama yanalingana na jeraha'. Hakuna hata mmoja aliyefungua mdomo huu."

"Walimwangalia kupitia uwazi wa geti," Ganka alisema. "Mmoja alikuwa na bunduki. Mwingine alikuwa na picha ya tangazo la sinema mkononi, akawa anawalinganisha."

Simu ya bibi ilikuwa ndani, juu ya dirisha, na waya wake ulifika nje. Velichka akapiga mkoani akiwa amesimama uani.

"Umeshasaini?" Meja Dragnev aliuliza badala ya kusalimia.

"Meno hayalingani, Afande. Nne na nusu kwa saba."

"Ngozi hutanuka."

"Sentimita mbili na nusu?"

"Velichka, saa nane hapa ofisini kwangu nina waandishi wa habari watano na mwanamke mmoja wa televisheni. Mkoa mzima unaogopa kutoa watoto nje. Nataka mbwa aliyeua awe mezani kwangu, watu walale. Na uzi je? Marehemu alikufa ameshika martenitsa ya mbwa kwenye ngumi! Umeusahau?"

"Sijausahau. Ninao hapa."

"Basi?"

"Basi nasema si mbwa huyu."

"Kama si huyu niletee mwingine! Unaye mwingine?"

Velichka akamtazama Karaman, ambaye sasa alikuwa anajaribu kula tepu.

"Bado," alisema.

Dragnev akakata simu. Velichka akairudisha dirishani taratibu, akatoa bahasha ndogo mkobani. Ndani yake mlikuwa na uzi mwekundu na mweupe uliosokotwa pamoja, urefu wa kidole, umekatika. Martenitsa. Tarehe mosi Machi, kukaribisha machipuko, hakuna anayebaki bila uzi huo mkoani kwao: watoto, wazee, mbuzi, mbwa, hata wakuu wa polisi.

"Bibi Ganka, Karaman alifungwa martenitsa mwaka huu?"

"Ungetaka asifungwe? Ana kosa gani?"

"Na iko wapi?"

Bibi akaelekeza kwa kidevu. Pembeni mwa zizi palikuwa na mti wa plamu uliochanua, mweupe wote. Kwenye tawi la chini palining'inia nyuzi nne. "Ule mrefu ni wake. Huo wa kando wangu, hizo mbili za mbuzi. Korongo alikuja tarehe ishirini, nikamfungua Karaman uzi siku hiyo hiyo. Korongo wa kwanza akionekana uzi unakwenda mtini, au nyinyi huko mjini mnaoga nao mpaka Krismasi?"

"Una hakika ni tarehe ishirini?"

"Uliza kijiji kizima. Alitua juu ya bomba la moshi la kiwanda, akawa anagonga mdomo, tak-tak-tak, na wale wa sinema wako ndani wanarekodi. Yule bwana mkubwa wao alitoka nje kumrushia kiatu. Kiatu kikabaki kwenye paa. Mpaka leo kiko kule."

Velichka akasogea kwenye mti. Uzi wa Karaman ulikuwa mnene, umefifia, na ndani ya weupe mlikuwa na nywele nyeusi za mbuzi.

"Unasokota mwenyewe?"

"Sasa unisokotee wewe? Lete huo wako niuone." Ganka akausogezea macho uzi wa bahasha bila kuugusa, akasonya. "Huu wa dukani. Unang'aa kama karatasi ya peremende. Wangu hauna mng'ao, wangu unawasha." Akatoa kiberiti na kipande cha uzi wake, akakiwasha. Kikafuka, kikanuka nywele zilizoungua. "Sufu ya kondoo hiyo. Sasa wako."

"Wangu ni ushahidi."

"Ushahidi hauna hata nukta moja ya kuazima?"

Velichka akakata nukta moja kwa mkasi wa kucha, akaishika kwa kibano. Moto ulipoigusa haikufuka. Ilijikunyata, ikayeyuka, ikaganda kama shanga nyeusi, ikanuka mfuko wa nailoni. Inspekta akaiweka shanga hiyo kwenye karatasi yake, akaandika saa na mahali.

"Andika na jina langu," Ganka alisema. "Shahidi. Niandike kwa herufi kubwa, macho yao mabovu."

*

Kiwandani, juu ya mlango, tangazo la filamu lilionyesha Karaman aliyechorwa macho mekundu na meno yaliyofika tumboni. Mwongozaji wa filamu, Boyan Leshtarov, alimpokea Velichka chini yake. Koti la ngozi, ndevu za siku tatu zilizochongwa kwa makini, na kwenye kifundo cha mkono martenitsa ya dukani, bado mpya.

"Karibu, mama. Kazi ngumu hii yako."

"Mimi si mama yako. Wako angekwisha kukuambia unyoe. Nionyeshe mahali alipofia."

Wakaingia. Maabara ilikuwa ya mbao na rangi. Ukiitazama kwa nyuma ulikuta makreti ya jibini. Leshtarov akasimama juu ya doa sakafuni.

"Tulikuwa mapumziko. Lazar alibaki peke yake anafanya mazoezi. Nikasikia kelele, nikakimbia, nikamkuta mbwa juu yake." Akashusha sauti. "Inspekta, sitaki kumwaga sumu. Ila kuna jambo linaninyima usingizi. Ile dawa."

"Dawa gani?"

Akafungua kabati la kioo. Ndani mlikuwa na sindano kubwa na vichupa vya maji mekundu. "Tulikuwa na mshauri wa sayansi, mtu wa maabara halisi. Aliondoka wiki iliyopita bila kuaga. Vipi kama aliweka kitu cha kweli humu? Siku tano mfululizo mbwa alichomwa hii. Sayansi haina breki, Inspekta. Tulikuwa tunaigiza, kumbe..."

Lilikuwa jambo zuri, na lingependeza magazetini. Velichka akachukua kichupa kimoja, akakinusa, akatumbukiza kidole kidogo, akakilamba. Leshtarov akapiga kelele.

"Maji ya bitiruti," Velichka alisema. Akalamba tena, akafikiri. "Na rakia, pombe kali ya plamu. Ya mwaka juzi. Mbaya. Tutapima zote, lakini mbwa akilewa hii atalala. Na sindano yenyewe haina tundu, ni chuma kitupu. Endelea. Ulimwona mbwa vizuri?"

"Kama ninavyokuona wewe."

"Asubuhi ile alikuwa na kitu shingoni?"

"Martenitsa. Nyekundu na nyeupe. Lazar aliishika akijaribu kumsukuma, ikakatika mkononi mwake."

"Uliiona kwa macho yako ikiwa shingoni mwa mbwa? Tarehe ishirini na nne?"

"Kwa macho haya mawili."

"Niandikie hapo. Tarehe pia. Saini."

Leshtarov akaandika kwa mwandiko mzuri, akasaini kama anayegawa picha zake kwa mashabiki. Velichka akaupuliza wino ukauka.

"Mnaondoa lini uzi huko Sofia?"

"Machi ikiisha. Kwa nini?"

"Makorongo hayapiti kwenu?"

"Kuna tramu, Inspekta. Makorongo hapana."

"Kweli. Na mlikuwa na mbwa mmoja tu kwenye filamu?"

Kidole cha Leshtarov kikagusa martenitsa ya mkononi. "Kulikuwa na kichwa cha bandia, cha kupigia picha za karibu. Kiliharibika. Tulikirudisha Sofia tarehe ishirini na moja."

Velichka akaandika na hilo, akamshukuru, akamwomba asitoke nje ya jengo.

Chumba cha mavazi kilikuwa upande wa pili wa ua. Msichana mmoja aitwaye Snezhina alikuwa amekaa juu ya sanduku, anatafuna mbegu za alizeti na kutema maganda kwenye kikombe. Kazi yake ilikuwa kuhakikisha kila kitu kinafanana kutoka picha hadi picha: kama kitufe kilikuwa wazi jana, leo kiwe wazi. Kwa hiyo alipiga picha za papo hapo za kila mtu na kila mbwa, akaandika tarehe nyuma.

"Nionyeshe shingo ya Karaman," Velichka alisema.

Akaleta kopo la biskuti lililojaa picha. Tarehe tano, Karaman na uzi. Tarehe kumi na mbili, na uzi. Tarehe ishirini na moja, bila uzi.

"Na mwongozaji hakuona?"

"Tulimpiga picha kwa mbali tu, manyoya yakafunika." Snezhina akatema ganda. "Bosi akikuta kosa anarusha vitu. Nilikwenda kwa Bibi Ganka tarehe ishirini na moja kumwomba aurudishe uzi. Nilimbembeleza, nikapiga magoti. Alisema korongo ameshapita na hawezi kumwita arudi kwa sababu ya sinema. Akanifukuza kwa ufagio, halafu akaniita akanipa banitsa."

"Kwa hiyo ulifanya nini?"

"Nikanunua nyingine kibandani, nikaifunga kwenye kichwa cha bandia. Picha zote za karibu zikapigwa na kichwa. Bosi hakujua. Alidhani wote wawili wanao."

"Kibandani. Zinang'aa?"

"Kama peremende."

"Lini ulikifunga?"

"Tarehe ishirini na mbili." Akachomoa picha. Ilionyesha kichwa cha mbwa kimesimama juu ya meza, manyoya meusi kwa meupe, macho ya kioo, mdomo wazi, na shingoni uzi mpya wa rangi mbili. Kwa nyuma: tarehe 22.

"Ajabu," Velichka alisema. "Kichwa hiki kilirudi Sofia tarehe ishirini na moja."

Snezhina akaacha kutafuna.

"Binti, sikiliza. Saa sita wanamwua mbwa. Sasa ni saa tano na nusu."

"Nitafukuzwa kazi."

"Kwenye filamu ipi? Profesa amekufa, mbwa anakwenda kukatwa kichwa. Utabaki wewe na hizo mbegu."

Msichana akafungua mkoba wake, akatoa kitu kilichofungwa kwenye leso. Ilikuwa safu ya meno makubwa, meupe, laini. Velichka akayabonyeza, yakainama.

"Ya mpira," Snezhina alisema. "Haya ndiyo meno ya kile kichwa. Bosi alisema yanacheka, hayang'ati. Akayatoa, akaweka mengine aliyochonga fundi wa matrekta. Mimi nilisema ni hatari. Lazar naye alisema. Bosi akatuambia anataka kuona hofu ya kweli kabla hajafa." Macho yake yakakwepa kuelekea tangi kubwa la kupozea maziwa lililosimama uani. "Mimi sijasema kiko wapi."

"Hujasema," Velichka alikubali, akaondoka kuelekea tangini.

Mfuniko ulikuwa mzito. Magoti yake yaligoma, akayatukana kwa majina ya mawaziri watatu, yakapanda ngazi. Chini, ndani ya giza la tangi, macho mawili ya kioo yalimtazama.

*

Saa sita kasoro dakika tano watu wa kiwandani walisikia mnyororo barabarani. Daktari wa mifugo, Kutsarov, mtu mwembamba mwenye koti jeupe, alikuja akisukuma kizimba cha magurudumu. Mbele yake alitembea Bibi Ganka na Karaman, wamefungwa pamoja, wote wawili na kichwa juu.

"Njooni muone wenyewe!" Ganka alikuwa anawaambia wanakijiji waliotoka kwenye mageti. "Wamekuja kuua mbwa wa sinema! Kesho wakamate na mvua ya sinema!"

"Inspekta, nimeshindwa," Kutsarov alisema, anahema. "Anasema ameumeza ufunguo. Nikachome yupi?"

"Usichome mtu. Njoo uwe shahidi wangu."

Juu ya meza ya maabara, chini ya taa za kijani, kilikaa kichwa. Nyuma yake kulikuwa na mpini wa kuingiza mkono, na mbele taya la chuma lenye meno manne ya chuma. Kilikuwa kimeoshwa. Shingoni hakikuwa na uzi. Leshtarov alisimama ukutani, mikono kifuani.

Karaman alikiona. Akanusa hewa, masikio yakalala, akajificha nyuma ya sketi ya bibi mpaka mnyororo ukamvuta bibi akayumba.

"Tazameni muuaji wenu," Ganka alisema. "Ameogopa kichwa cha tambara."

Velichka akampa daktari tepu. "Pima. Ncha kwa ncha."

Kutsarov akapima. Akavaa miwani, akapima tena. "Saba."

"Wewe ulisaini kwamba meno ya Karaman yanalingana."

Daktari akawa mwekundu. "Niliambiwa yameshapimwa."

"Na aliyekuambia aliambiwa. Sasa shika kibano. Hapo kwenye bawaba ya taya, aliyeosha hakufika. Unaona nini?"

"Damu iliyokauka. Na uzi. Nyuzinyuzi nyekundu."

Zote zikaingia kwenye bahasha, bahasha ikafungwa, daktari akasaini, safari hii baada ya kuangalia. Ndipo Velichka akamgeukia mwongozaji.

"Umeniandikia kwamba tarehe ishirini na nne uliona martenitsa shingoni mwa Karaman. Ilikuwa kwenye mti wa plamu tangu tarehe ishirini. Aliyekuwa na uzi ni huyu hapa mezani, na Lazar alishika uzi wa huyu."

"Bibi mmoja na mti wake," Leshtarov alisema. "Kila mtu anajua martenitsa inafunguliwa mwisho wa mwezi."

Ganka akacheka mpaka mnyororo ukalia. "Anarushia korongo kiatu, halafu anauliza tulimwona lini!"

Mmoja wa wanakijiji mlangoni akaelekeza juu ya paa. Kiatu kilikuwa kule, cha ngozi, cha mjini, korongo ameshaanza kukijaza vijiti. Snezhina akaja mbele bila kuitwa, akaweka kopo la biskuti mezani, na juu yake meno ya mpira.

Leshtarov akayatazama meno yale. Sauti ilipomtoka ilikuwa ya hasira, wala si ya majuto.

"Alikuwa anaigiza kama mtu anayesubiri basi! Siku ishirini namwambia ogopa, haogopi. Nilikishika kichwa mwenyewe, nikamwendea ghafla. Nilitaka kuishia kwenye kola ya shati lake. Akageuka. Springi ya taya ikafyatuka. Ndiyo hivyo. Ajali."

"Ajali unaita gari la wagonjwa," Velichka alisema. "Wewe ulimwita mbwa. Ukampaka damu mdomoni, ukafunga mlango, ndipo ukapiga kelele."

"Ni mbwa mmoja wa kijijini! Mnajua filamu hii ingekwenda wapi? Mbwa aliyeua kweli! Watu wangepanga foleni mpaka Paris!"

"Alikuja kwako mkia unacheza," Ganka alisema, na kwa mara ya kwanza siku ile hakukuwa na mzaha. "Ulipompaka hiyo damu. Alikulamba mkono, sivyo? Wote huwalamba."

Leshtarov akaufuta mkono kwenye koti. Velichka akamfunga pingu mwenyewe, juu tu ya martenitsa. "Hiyo iache," alimwambia. "Huko ndani kuna dirisha. Ukimwona korongo utaniambia."

Kisha akamwomba daktari Kutsarov kizimba chake.

"Cha nini?"

"Nimeagizwa mbwa."

*

Saa nane kamili ofisi ya Meja Dragnev ilikuwa imejaa. Waandishi watano, mwanamke wa televisheni na taa yake, na Meja mwenyewe katika sare yenye vifungo vilivyosuguliwa. Mlango ukafunguliwa. Kizimba kikaingia kikilia magurudumu, kimefunikwa shuka, na watu wa mbele wakarudi nyuma kwa pamoja.

"Mabibi na mabwana," Dragnev alisema, "polisi wa mkoa huu hawalali. Mnyama yule aliyetoa roho ya msanii wetu..."

Velichka akaondoa shuka. Akakitoa kichwa kwa mikono miwili, akakiweka katikati ya meza, mbele ya vifungo vya Meja. Kwenye sikio kilikuwa na kibandiko alichokiandika njiani: Mbwa aliyeua. Umri, wiki tano. Meno, chuma. Mmiliki, B. Leshtarov, yuko selo ya pili.

Kamera moja ikalia, kisha zote.

"Dankova," Dragnev alisema kupitia tabasamu, midomo haichezi. "Hiki ni nini?"

"Uliniambia kama si yule nikuletee mwingine, Afande."

"Na yule wa kwanza?"

"Yuko nyumbani. Bibi Ganka ameupata ufunguo, ulikuwa kwenye kilemba."

"Nilikupa karatasi ya kusaini."

"Ninayo." Akaitoa mkobani, akaikunjua, akaigeuzia waandishi. Saini nne zilionekana vizuri, na chini yake nafasi nyeupe. "Hapa wameandika kwamba wamepima meno. Majina yao ni haya. Andikeni taratibu, la mwisho lina cheo mbele."

Mwanamke wa televisheni akasogeza taa. Meja akainuka, akanyoosha mkono kuichukua karatasi ile. Velichka akaichomeka kati ya meno ya chuma, akaingiza mkono wake kwenye mpini wa nyuma, akabana. Taya likafyatuka, likafunga, na karatasi ikabaki ikining'inia mdomoni mwa mbwa.

"Anayeitaka," alisema, "aje aitoe."